Picha au Sauti? Uhakiki wa Nadharia ya Fenollosa kuhusu Maandishi ya Kichina

Utangulizi

Ni maandishi machache yaliyoathiri fikira za wasomi wasiojua Kichina kama ilivyofanya insha ya Mmarekani Ernest Fenollosa iitwayo The Chinese Written Character as a Medium for Poetry. Fenollosa alizaliwa mwaka 1853, akaenda Japani mwaka 1878 kufundisha falsafa katika chuo kikuu cha Tokyo, na huko akajifunza ushairi wa Kichina mbele ya walimu wa Kijapani. Alifariki mwaka 1908 bila kuichapisha kazi yake. Karatasi zake zilimfikia mshairi Ezra Pound, ambaye kwanza alizitumia kutunga diwani yake Cathay (1915), kisha akaihariri insha yenyewe na kuitoa mwaka 1919. Ilitolewa tena ikiwa kitabu mwaka 1936.

Huenda pakaulizwa kwa nini insha hiyo ihakikiwe katika jarida la lugha za Kiafrika. Zipo sababu mbili. Kwanza, Kichina kimekuwa somo la vyuo vyetu. Taasisi ya Confucius ya Chuo Kikuu cha Nairobi, iliyofunguliwa mwaka 2005, ilikuwa ya kwanza ya aina yake katika Afrika, na mwanafunzi anayeanza kujifunza lugha hiyo huja tayari amekwisha kusikia kwamba Kichina ni lugha ya picha. Pili, kosa lililomo katika nadharia ya Fenollosa ni ndugu wa kosa ambalo lugha za Kiafrika zimelivumilia kwa miaka mingi, yaani kuieleza lugha kwa namna inavyomshangaza mgeni badala ya kuieleza kwa namna inavyowatumikia wenyewe. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba nadharia hiyo haikubaliani na ushahidi wa maandishi ya Kichina, kwamba imeuficha ushairi iliodai kuufichua, na kwamba msomi wa Kiswahili anayo njia iliyo bora zaidi ya kuiingilia lugha hiyo.

Hoja ya Fenollosa

Kwa muhtasari, Fenollosa anadai kwamba alama za Kichina ni picha fupi za matendo ya maumbile. Mfano wake mashuhuri ni sentensi ya maneno matatu, yaani mtu, kuona na farasi. Alama ya mtu ina miguu miwili. Alama ya kuona ni jicho lililowekwa juu ya miguu. Na alama ya farasi imesimama juu ya miguu minne. Kwa hiyo, asema, msomaji hapati ishara kavu za sauti bali huliona tendo likipita mbele ya macho yake. Mfano mwingine ni jua kuchomoza mashariki, ambapo alama ya mashariki, dōng, yaelezwa kuwa ni jua lililonaswa katika matawi ya mti. Kutokana na mifano kama hiyo anahitimisha kwamba Kichina ni lugha ya kishairi kwa asili yake, na kwamba lugha za Ulaya zimekauka kwa sababu zimejitenga na vitu vyenyewe.

Ni haki kukiri uzuri wa nia yake. Aliandika wakati ambapo mataifa makubwa yaliidharau China na kuihesabu kuwa nchi iliyochoka, naye akawataka wasomaji wake waiheshimu fasihi yake na kujifunza kutoka kwayo. Hata hivyo, sifa inayosimama juu ya msingi wa uongo haidumu. Mtu anayesifiwa kwa jambo asilokuwa nalo ameachwa bila kujulikana, sawasawa na yule anayetukanwa.

Ushahidi wa alama zenyewe

Wachina hawakungoja mgeni awaeleze jinsi maandishi yao yalivyoundwa. Yapata mwaka 100 B.K. mwanachuoni Xu Shen alitunga kamusi yake, Shuowen Jiezi, akakusanya alama 9,353 chini ya vichwa 540 na kueleza njia sita za kuunda na kutumia alama. Picha za vitu ni njia moja tu. Njia nyingine ni kuunganisha maana mbili, kama vile jua na mwezi kufanya mwangaza, míng. Lakini njia iliyozaa alama nyingi kupita zote ni ile ya kuunganisha sehemu mbili ambazo moja hudokeza maana na nyingine hudokeza sauti. Katika kamusi hiyo hiyo ya Xu Shen, zaidi ya alama nane katika kila kumi ni za aina hii.

Mfano mwepesi ni alama ya farasi yenyewe, ile ambayo Fenollosa aliipenda. Neno lake hutamkwa mǎ. Alama hiyo ikiwekewa kando alama ya mwanamke, hupatikana mā, yaani mama. Ikiwekewa vinywa viwili juu, hupatikana mà, yaani kutukana. Ikiwekewa kinywa kimoja kando, hupatikana ma, kile kipashio kidogo kinachotiwa mwisho wa sentensi ili kuifanya swali. Endapo maandishi haya yangesomwa kwa kanuni ya Fenollosa, ingebidi kusema kwamba Wachina humwona mama kuwa ni mwanamke wa kifarasi, na kwamba kila anayeuliza swali hulia kama farasi. Hapana Mchina anayesoma hivyo. Farasi yumo humo kwa sababu ya sauti yake tu. Vivyo hivyo alama ya qīng, rangi ya kijani au buluu, ikitiwa maji hutoa qīng, maji safi. Ikitiwa maneno hutoa qǐng, kuomba. Ikitiwa moyo hutoa qíng, hisia. Ikitiwa jua hutoa qíng, hali ya anga kutakata. Sehemu moja yasema neno hili ni la jamii gani ya mambo, na nyingine yasema latamkwaje kwa kukaribia.

Hata zile alama zilizo picha kwa asili hazikubaki picha. Neno la kuja, lái, huandikwa kwa alama iliyokuwa picha ya mmea wa ngano. Hapana uhusiano wowote kati ya ngano na kuja isipokuwa kwamba maneno hayo mawili yalifanana kwa sauti katika Kichina cha kale, na waandishi wakaazima alama ya kitu kinachochoreka ili kuandika tendo lisilochoreka. Azima hiyo imo tayari katika maandishi ya mifupa ya Anyang, ya miaka kama 1200 K.K., ambayo yalitambuliwa na wataalamu mwaka 1899. Ama ile alama ya mashariki, maelezo ya jua ndani ya mti yanatoka kwa Xu Shen, ambaye hakupata kuiona mifupa hiyo. Wataalamu wa maandishi ya kale huiona kuwa picha ya mfuko uliofungwa ncha zote mbili, nayo iliazimwa kwa sauti. Mfano ulioshika nafasi kubwa katika insha, kwa hiyo, waelekea kuvunja hoja ulioletwa kuitetea.

Jambo la kustaajabisha zaidi ni kwamba Fenollosa aliijua pingamizi hii. Anakiri ndani ya insha kwamba watunga kamusi wa Kichina husema sehemu nyingi za alama huleta sauti tu, kisha anasema kwamba haamini. Hapa ndipo mhakiki hana budi kusimama. Wenye lugha wametoa ushahidi juu ya lugha yao, na mgeni anaukataa kwa sababu haulingani na uzuri anaoutafuta. Wanafunzi wa lugha za Kibantu watalitambua tendo hili bila kuelekezwa.

Madhara ya njia hiyo hayakukoma kwa washairi. Mwaka 1959 John F. Kennedy alihutubia akieleza kwamba Wachina huandika neno la msiba mkuu, wēijī, kwa alama mbili, moja ya hatari na nyingine ya nafasi njema. Hotuba za namna hiyo hazijaisha majukwaani. Wēi ni hatari kweli. Lakini jī katika neno hili ni wakati tete, pale mambo yanapoweza kugeuka. Huwa nafasi njema pale tu linapounganishwa na huì kufanya neno jingine, jīhuì. Kulipasua neno namna hii ni sawa na mgeni kuwatangazia wenzake kwamba Waswahili huamini baharia amezaliwa na maji kwa kuwa humwita mwanamaji, na wakili amezaliwa na sheria kwa kuwa humwita mwanasheria.

Lugha si maandishi yake

Chini ya makosa haya lipo kosa moja la msingi, nalo ni kuchanganya lugha na maandishi yake. Msomi wa Kiswahili hana udhuru wa kuanguka katika shimo hili. Utenzi wa Tambuka, ambao hati yake ina tarehe ya mwaka 1728, uliandikwa kwa herufi za Kiarabu, kama zilivyoandikwa tenzi zote za kale. Herufi hizo hazikuweza kutenga barabara e na i, wala o na u, na msomaji alitegemea ujuzi wake wa lugha na mizani ili asome sawasawa. Ilipokuja abjadi ya Kirumi, Kiswahili hakikugeuka kuwa lugha nyingine.

Kichina nacho kina ushahidi wa namna hiyo. Wadungani, Waislamu waliohama China katika miaka ya 1870 na 1880 na ambao wazao wao wako Kirgizia na Kazakhstan, husema lugha ya jamii ya Kichina na tangu miaka ya 1950 wameiandika kwa herufi za Kirusi. Wana magazeti na mashairi yasiyo na alama hata moja ya Kichina. Kama maana ya Kichina ingekaa ndani ya picha, watu hao wasingeweza kuelewana kwa maandishi. Huko China kwenyewe, mwandiko wa Kirumi uitwao pinyin uliidhinishwa mwaka 1958, na mtoto wa Kichina huutumia kujifunzia matamshi anapoanza kusoma alama.

Kwa upande wa pili, haifai kuruka kutoka kosa moja na kutua katika jingine, kwa kudai kwamba alama hizo ni mzigo tu ambao Wachina wameshindwa kuutua. Silabi za Kichina sanifu ni kama 400 pasipo kuhesabu toni, na kama 1,300 toni zikihesabiwa, kwa hiyo maneno yenye sauti moja ni mengi. Mwanaisimu Zhao Yuanren (1892-1982) alitunga kisa kizima kwa Kichina cha kale kwa kutumia silabi moja tu, shi, kwa toni mbalimbali. Kinaeleweka kikisomwa kwa macho, ila hakifahamiki kwa masikio. Mtu aliyesoma vya kutosha hujua alama elfu tatu hivi, na orodha iliyotolewa na serikali ya China mwaka 2013 ina alama 8,105, ambazo 3,500 kati yake zimetengwa kuwa za kawaida. Mfumo huo ni mgumu, lakini una utaratibu.

Ushairi uliopotea

Hasara kubwa kuliko zote imeupata ushairi. Msomaji wa Cathay hukutana na mistari huru isiyo na vina, yenye picha safi zinazofuatana, naye hudhani kwamba huo ndio ushairi wa Kichina. Hata jina la mshairi mkuu, Li Bai, limeandikwa Rihaku, kwa matamshi ya Kijapani ya walimu wa Fenollosa.

Ukweli ni kwamba shairi la kanuni la enzi ya Tang, lüshi, ni utungo wenye masharti makali. Lina mistari minane. Kila mstari una silabi tano, au kila mstari una silabi saba. Mistari ya pili, ya nne, ya sita na ya nane hufungwa kwa kina kimoja. Mishororo ya kati hupangwa jozi jozi ili neno lijibiwe na neno la aina yake. Juu ya hayo, silabi hupangwa kwa toni, za sawa na za mpindo, kwa utaratibu usiovunjwa ovyo. Mtu aliyelelewa katika shairi la Kiswahili, akajua ukwapi na utao, akahesabu mizani nane kwa nane, atalitambua jambo hili mara moja. Kulizungumzia shairi la Muyaka bila vina wala mizani ni kuzungumzia nusu yake. Na ndivyo ulivyozungumziwa ushairi wa Li Bai na Du Fu kwa karibu nusu karne.

Lawama yote isimwangukie Fenollosa. Toleo la kihakiki la mwaka 2008, lililohaririwa na Haun Saussy, Jonathan Stalling na Lucas Klein, limeonyesha kwamba Fenollosa aliandika pia juu ya sauti na toni katika ushairi wa Kichina, na kwamba Pound hakuyachapisha hayo. Pound alikuwa akitafuta msaada katika vita vyake mwenyewe dhidi ya vina vya Kiingereza. Wafuatiliaji wa mgogoro wa miaka ya 1970 kati ya wanamapokeo na wanamabadiliko wa ushairi wa Kiswahili wataielewa haja hiyo, hata kama hawakubaliani nayo. Wachina nao walikuwa na mgogoro wao: Hu Shi alitoa wito wa kuandika kwa lugha ya watu mwaka 1917, na mwaka 1920 akatoa diwani ya mashairi huru. Lakini Hu Shi aliviacha vina akivijua. Msomaji wa Cathay hakupewa nafasi ya kujua kwamba vilikuwapo.

Kioo cha Kiingereza

Swali lililobaki ni mwanafunzi wa Kenya aanze vipi. Mara nyingi Kichina humfikia kwa mkono wa Kiingereza, na kwa njia hiyo mambo ambayo lugha yake mwenyewe ingemfunulia hufichwa.

Chukua mfano wa hali ya kitenzi. Kiingereza hutumia umbo moja kwa mtu anayekimbia na kwa mtu aliyevaa nguo, na mwanafunzi hudhani ni jambo moja. Kichina hutenga zài chuān, anavaa, na chuānzhe, amevaa. Kiswahili hutenga vivyo hivyo. E. O. Ashton (1944) alikwisha kuonyesha kwamba -me- hueleza tendo lililokamilika au hali inayotokana nalo. Kwa hiyo amekaa ni zuòzhe, amesimama ni zhànzhe. Hata hivyo ameondoka ni zǒu le, kwa maana hapo kinachotajwa ni tukio lililokwisha kutokea, wala si hali inayoendelea kuonekana. Mwalimu anayejua mgawanyo huu atamfundisha mwanafunzi kuigawa -me- mara mbili, na kazi ya wiki nyingi itakuwa nyepesi.

Au tuseme maneno ya kuhesabia. Mchina hasemi vitabu vitatu pasipo kutia běn kati ya namba na jina. Mto, barabara, samaki, suruali na hata habari hutumia tiáo, kwa kuwa vyote huwazwa kuwa virefu. Karatasi na meza hutumia zhāng, kwa ajili ya uso wake bapa. Mwanafunzi aliyezoea Kiingereza hushangaa. Aliyezoea ngeli hashangai, maana anajua kwamba lugha yaweza kuvipanga vitu katika makundi ambayo zamani yalikuwa na maana iliyo wazi na sasa yamechanganyika. Hapana budi, hata hivyo, kutahadhari: neno la kuhesabia halienei katika sentensi nzima kama upatanisho wa ngeli, na jina moja laweza kuchukua maneno mawili. Mwalimu akihesabiwa kwa gè ni mtu tu, akihesabiwa kwa wèi ameheshimiwa. Hili nalo si geni kwa wasemao mtoto, kitoto na jitoto.

Toni ni jambo jingine. Kiswahili hakina toni, lakini Kikuyu, Kikamba, Dholuo na lugha nyingi za Kenya zinazo. Toni za Kichina hupanda na kushuka ndani ya silabi moja, hivyo si sawa kabisa na toni za juu na za chini za Kibantu. Hata hivyo sikio lililokwisha kujua kwamba kima cha sauti hubadili maana lina faida ambayo kitabu kilichotungiwa Waingereza hakiwezi kuitumia.

Mwisho ni ujamaa. Bóbo ni baba mkubwa, shūshu ni baba mdogo, jiùjiu ni mjomba, gūgu ni shangazi. Kiswahili na Kichina zimekubaliana karibu neno kwa neno, kwa sababu jamii zote mbili hujali nani ni wa upande wa baba, nani wa upande wa mama, na nani alizaliwa kwanza. Lakini mwanafunzi anayepita katika Kiingereza hupewa neno moja kwa ndugu wote wa kiume wa wazazi, kisha huanza kuhangaika kujifunza upya tofauti aliyoinyonya kwa mama yake.

Hitimisho

Mwaka 1415 twiga kutoka Malindi alifikishwa katika makao ya mfalme Yongle, baada ya mwingine kuletwa kutoka Bengal mwaka 1414. Wasomi wa ikulu hawakuona twiga. Waliona qilin, mnyama wa heri aliyesimuliwa katika vitabu vyao vya kale, na wakaandika mashairi ya kumsifu mfalme kwa ajili yake. Katika Kijapani neno hilo, kwa umbo la kirin, ndilo jina la twiga hadi leo. Katika Kichina cha sasa twiga huitwa chángjǐnglù, yaani kulungu mwenye shingo ndefu, jina la mtu aliyekwisha kumtazama.

Fenollosa aliona qilin. Sifa alizolipa zilikuwa za kweli moyoni mwake, lakini hazikuwa za kitu kilichokuwa mbele yake. Idara za Kiswahili zina wajibu wa kumpa mwanafunzi anayeanza njia nyingine: asikie lugha kabla ya kuitazama, aelezwe mapema kwamba alama nyingi zina upande wa maana na upande wa sauti, asomewe shairi la Tang kwa vina na toni zake hata kama haelewi kila neno, na afundishwe sarufi ya Kichina kwa kulinganishwa na Kiswahili na lugha yake ya kwanza. Kazi hiyo inahitaji vitabu, na vitabu hivyo vinahitaji waandishi wajuao lugha zote mbili. Hadi vipatikane, kila anayesimama darasani na kusema kwamba Wachina huandika kwa picha atakuwa akirudia hoja ambayo Xu Shen alikwisha kuijibu yapata miaka elfu moja na mia tisa iliyopita.